Kamala, Mganda wa Mississippi

James Harris, mwanamieleka aliyetangazwa duniani kwa jina la Kamala, "Jitu la Uganda", alizaliwa tarehe 28 Mei 1950 Senatobia, jimbo la Mississippi, kusini mwa Marekani. Uganda alibandikwa na mapromota. Baba yake aliuawa kwa risasi yeye akiwa na miaka minne, na familia iliishi kwa kulima mashamba ya watu na kugawana mazao na wenye ardhi. Mwaka 1967 aliondoka kwenda Florida, akachuma matunda na kuendesha malori.

Mwaka 1975 alihamia Benton Harbor, Michigan, na huko akakutana na Bobo Brazil, mmoja wa wanamieleka weusi wa kwanza kuvuma Marekani. Bobo naye hakuwa Mbrazili. Alikuwa mtu wa Arkansas. Harris alianza kupigana kwa malipo mwaka 1978 kwa jina la "Sugar Bear", akazunguka majimbo ya kusini na baadaye Uingereza bila kupata jina. Urefu wake ulikuwa mita 2 na uzito kilo 170 hivi, lakini katika kazi ile watu wa umbo kama lake hawakuwa haba.

Mambo yalibadilika Memphis mwaka 1982. Mwanamieleka Jerry Lawler na promota Jerry Jarrett walimchora rangi usoni, nyota kifuani na mwezi tumboni, wakamvisha nguo ya madoa ya chui, wakamkabidhi mkuki na kinyago, wakamvua viatu. Filamu fupi ya kumtambulisha "msituni Afrika" ilipigwa shambani kwa Jarrett huko Tennessee, mvuke wa barafu kavu ukijifanya ukungu. Watazamaji waliambiwa kuwa jitu hilo lilikuwa mlinzi wa Idi Amin, mtawala wa Uganda. Amin mwenyewe alikuwa ameng'olewa Kampala tangu Aprili 1979, lakini jina lake bado liliuza tiketi. Askari wa Tanzania aliyerudi kutoka vita vilivyomng'oa angeshangaa kuambiwa kuwa mlinzi wa Amin yuko Memphis, tena peku.

Kamala hakusema neno na hakuijua sheria yoyote ya mchezo, na hapo ndipo ulipokuwa ufundi wa Harris. Anampiga mtu mpaka analala, anamgeuza kifudifudi, anamlalia mgongoni. Refa hahesabu, maana mabega hayajagusa chini. Pembeni Kim Chee, msimamizi wake aliyefunika uso na kuvaa kofia ngumu ya wawindaji, anarukaruka akipindua viganja: mgeuze, mgeuze! Kamala anajipiga tumbo tu. Kuchekesha namna hiyo na bado kuogopwa si kazi ya kila mtu.

Mtwara, kuanzia Naliendele hadi Newala, mchezo wa mtu kujificha nyuma ya kinyago si mgeni. Katika ngoma ya mapiko ya Wamakonde mchezaji huvaa kinyago kinachofunika kichwa, mwili ukazungushwa nguo ngozi isionekane, na asiyepita jandoni huambiwa kuwa aliyekuja ni mzimu. Waliopita jandoni wanajua kuna mtu ndani, nao hunyamaza. Wanamieleka wa Marekani walitunza siri ya wahusika wao vivyo hivyo. Lakini lipiko huchongwa na Wamakonde wenyewe, na mara nyingine huwakejeli wageni. Kamala alibuniwa na wageni, na aliyekejeliwa ni Mwafrika.

Hakuwa peke yake. Abdullah the Butcher, "Mwendawazimu wa Sudan", alikuwa Mkanada wa Windsor, Ontario. Kofi Kingston, mzaliwa wa Ghana, alianza katika kampuni ya mieleka ya WWE akitangazwa kuwa Mjamaika. Baadaye alirudishiwa nchi yake, na mwaka 2019 akawa bingwa wa kampuni hiyo.

Kila steringi anahitaji adui, na Kamala alikuwa adui wa kukodi. Mwaka 1984 alikabiliana na André the Giant, na kati ya 1986 na 1987 na Hulk Hogan. Pambano lake kubwa lilikuwa la tarehe 29 Agosti 1992, Wembley, London, mbele ya watu wapatao 80,000. Mpinzani wake, Undertaker, alipewa ushindi baada ya Kim Chee kuingilia. Novemba mwaka huohuo walirudiana katika pambano la jeneza, na Kamala akagongelewa misumari humo ndani. Alilalamika hadharani kwamba malipo yake yalikuwa madogo mno kuliko ya waliokuwa juu ya bango.

Alitoka WWF, kama WWE ilivyoitwa wakati huo, mwaka 1993, akarudi kwenye malori, na tangu hapo alipanda ulingoni kwa vipindi hadi alipostaafu mwaka 2010. Kisukari kilikuwa kimemwandama kwa miaka mingi. Novemba 2011 alikatwa mguu wa kushoto, na Aprili 2012 wa kulia. Alianza kutengeneza viti vya mbao na kuviuza, akatoa kitabu cha maisha yake, na mwaka 2016 akaungana na wanamieleka wenzake kuishtaki WWE kwa madhara ya ubongo, kesi iliyotupwa mwaka 2018. Alifariki Mississippi tarehe 9 Agosti 2020, akiwa na miaka 70, baada ya kuambukizwa UVIKO-19.