Kipindi Kimoja, Saa Mbili Tofauti

Umefunga ofisi jioni, mwenzako bado yuko mpakani anahangaika na makaratasi ya malori. Mnakutana saa nne usiku, mnakula, halafu kila mtu na simu yake. Si unajua tena? Tunduma ni mji wa kazi, na penzi la hapa linakula makombo ya muda.

Dawa mojawapo ni redio. Sizungumzii makelele ya mchana. Nazungumzia redio ya taifa usiku, pale mtangazaji anaposhusha sauti na kupiga zilipendwa: Morogoro Jazz, Western Jazz, Tabora Jazz, Nuta Jazz.

Hilo neno jazz lisikuchanganye. Shabiki wa Duke Ellington atauliza jazz yenyewe iko wapi! Kwetu lilikuwa jina la fasheni tangu Dar es Salaam Jazz ya mwaka 1932. Muziki wenyewe ni dansi: magitaa, rumba yenye asili ya Kuba, na ngoma zetu ndani yake. Bendi nyingi zilirekodi studio za Radio Tanzania Dar es Salaam, ambayo leo ni TBC Taifa, na rekodi kibao hazikuwahi kutoka kwenye sahani za santuri. Yaani kwa miaka mingi, ukitaka kusikia wimbo fulani, unasubiri redio iamue kukupigia.

Na huko kusubiri ndiko kutamu. Kwenye simu kila mmoja anachagua chake, mnaishia kugombea spika. Hapa hakuna aliyechagua, mnasikiliza tu.

Halafu sikilizeni maneno. Nyimbo nyingi za dansi ni kama barua: mume aliye safarini, mke aliyechoka kudanganywa, ndugu wachochezi. Mbaraka Mwinshehe, aliyefariki kwa ajali ya gari Mombasa Januari 1979, alijua kulalamika mpaka gitaa nalo likalia. Kumwambia mwenzako “umeniumiza” ni kazi nzito. Kusema “huyu dada wa kwenye wimbo ana haki bwana” ni rahisi, na ujumbe unafika. Kuna yanayosemeka gizani tu, huku gitaa likijaza pale mnaponyamaza.

Wapendanao wa Tunduma wana kasheshe lao la ziada: saa. Zambia iko nyuma yetu kwa saa moja. Tangu kituo cha pamoja cha forodha kizinduliwe mwaka 2019, mizigo inayoingia Zambia inakaguliwa Nakonde, kwa hiyo Mtanzania anaweza kuwa zamu ng'ambo kila siku. Huku ni saa sita, mke anasinzia kwa hasira. Kule ni saa tano, baba anaona bado mapema, anaagiza soda nyingine. Ugomvi mwingine chanzo chake ni saa ya ukutani tu, jamani! Lakini kipindi kikianza, kinaanza kwenu nyote dakika ile ile.

Kwa hiyo zimeni TV, simu zikalale sebuleni. Redio ndogo ya betri inatosha, sauti ya chini watoto wasiamke. Mmoja akipitiwa na usingizi, muache. Na kama yuko Nakonde, mpigie kabla ya kipindi, umtajie saa ya Tunduma.