Mfinyanzi Ambaye Utabiri Haukumtaja

Neno majaliwa katika Kiswahili hutaja jambo lililokadiriwa na Mungu, ambalo mja hana budi kulipokea, ilhali masimulizi mengi yanayosifiwa kwa wahusika wanaokaidi majaliwa yao huhusu kitu kingine kabisa, nacho ni amri ya mtawala iliyovikwa vazi la majaliwa.

Kwa mfano, katika mfululizo wa katuni wa Star Wars: The Clone Wars, ulioanza mwaka 2008 na kumalizika mwaka 2020, vita vya angani hupiganwa na klone, yaani askari waliozalishwa kwa kunakili chembe hai za mtu mmoja, ambao ubongoni mwao imefichwa chipu itakayowalazimisha siku moja, kwa amri ya mtawala, kuwaua makamanda wao wa Jedi, shirika la wapiganaji walinda amani. Fives, mmoja wa askari hao, aliigundua siri hiyo akauawa kabla ya kusadikiwa, lakini taarifa iliyobaki kumhusu ndiyo iliyomwongoza Ahsoka, Jedi aliyekwisha kujitoa katika shirika lake, hadi akaiondoa chipu kichwani mwa Rex, askari klone aliyekuwa rafiki yake. Rex asingeweza kujiokoa peke yake, kwa kuwa nia yenyewe ya kukaidi ilikuwa imetekwa.

Kisa kinachokaribiana na hicho kimesimuliwa tangu kale katika nchi ya ng'ombe wa pembe ndefu inayozunguka Bwizibwera, Mbarara na Nakivale, huko Uganda. Masimulizi ya Wachwezi, watawala wa kale wa Kitara, husema kwamba waaguzi walimwonya mfalme Bukuku kuwa mtoto wa binti yake, Nyinamwiru, angemletea maangamizi, naye akamfungia binti huyo na kumtoboa jicho moja ili asitamaniwe na mwanamume yeyote. Mwanamume aitwaye Isimbwa alimfikia hata hivyo, akazaliwa Ndahura, na kitoto hicho kikatupwa mtoni kwa amri ya babu yake. Rubumbi, mfinyanzi aliyeishi kwa udongo na moto, alikiokota akakilea, ndiyo maana Ndahura huitwa pia Karubumbi, na alipokua akichunga ng'ombe aligombana na wachungaji wa mfalme mahali pa kunyweshea, akamuua Bukuku kwa mkuki na kukikalia kiti chake.

Aliyepigana na utabiri hapa ni Bukuku, na ukatili wake haukumfaa kitu, wakati Rubumbi hakupigana na utabiri wowote bali alikataa tu kuiacha amri ya kuua itimie. Mwaka 2023, katika mkusanyo wa Kizazi Moto wenye filamu fupi 10 za katuni, Mganda Raymond Malinga aliupeleka ufalme wa Wachwezi pamoja na ng'ombe wake katika zama zijazo kwa filamu ya Herderboy, inayomhusu kijana mchungaji. Njia hiyo ikiwa imekwisha kufunguliwa, mfinyanzi naye anastahili filamu yake, akiwa amepiga magoti ukingoni, mikono yake ingali na udongo, akimtoa mtoto majini.