Timu ya Abasia Isiyobwagana Mazoezini

Wengi wetu tunawajua Wabenediktini kwa Peramiho, Ndanda na Hanga: mashamba, karakana, hospitali na shule. Wenzao wa Minnesota, Marekani, walifika huko mwaka 1856, na mwaka uliofuata wakaanzisha shule ambayo leo ni Chuo Kikuu cha Mtakatifu Yohane, Collegeville. Ni chuo kidogo cha wanaume, katikati ya misitu. Lakini jina lake limevuma kwa mpira.

Si mpira huu tunaoucheza jioni baada ya masomo. Mpira wa Kimarekani una umbo kama la yai, hubebwa mikononi, na anayeubeba huzuiwa kwa kukumbwa na kubwagwa chini. Ndiyo maana wachezaji huvaa kofia ngumu na kinga mabegani. Makocha wengi waliamini kwamba kijana asiyebwagwa mazoezini atakuwa laini siku ya mechi.

Mwaka 1953 watawa walimwajiri John Gagliardi, mlei wa miaka 26 aliyetoka chuo kingine cha Kikatoliki, Carroll, huko Montana. Ukocha aliuanza akiwa na miaka 16, angali mwanafunzi wa sekondari, kocha wao alipoitwa jeshini wakati wa Vita Kuu ya Pili. Mazoezi aliyoyachukia kama mchezaji aliyafuta. Wachezaji wake waliruhusiwa kunywa maji, jambo ambalo makocha wengi wa enzi hizo walilikataza kwa kuliona ni udhaifu!

Collegeville aliendelea hivyo hivyo. Hakuna kubwagana mazoezini. Hakuna filimbi, wala kuzungushwa uwanja kama adhabu. Mazoezi hayakuzidi dakika 90. Vijana walimwita John, si kocha, na aliyetaka kujiunga hakufukuzwa kwa kukosa kipaji. Lilikuwepo hata zoezi la kulala chali kwenye nyasi na kuambiana kwamba siku ni nzuri.

Sisi tuliolelewa kwa kengele na filimbi twaweza kudhani huo ni mchezo wa kitoto. Lakini Gagliardi hakulegeza kila kitu. Kila mbinu ilirudiwa na kurudiwa mpaka kila mmoja ajue asimame wapi, amsome vipi mpinzani na amfikie kwa njia ipi. Kumwangusha mtu, alisema, si kazi ngumu ukishafika mahali pake kwa wakati. Na waliofika Jumamosi uwanjani walikuwa wazima, hawajavunjwavunjwa na wenzao wenyewe tangu Jumatatu.

Matunda yake yameandikwa. Timu ilitwaa ubingwa wa taifa katika daraja lake miaka ya 1963, 1965, 1976 na 2003. Mwaka huo wa mwisho Gagliardi aliivuka rekodi ya Eddie Robinson ya ushindi mara 408, kisha katika fainali vijana wake wakaifunga Mount Union 24 kwa 6, timu iliyokuwa imeshinda mechi 55 mfululizo. Alistaafu mwaka 2012 akiwa na ushindi mara 489, rekodi ya juu kuliko ya kocha yeyote wa vyuo, na alifariki mwaka 2018 akiwa na miaka 91.

Kwa miaka mingi wenzake walimtazama kama mtu wa vituko. Kisha madaktari wakaanza kuonyesha jinsi kugongwa kichwa mara kwa mara kunavyoharibu ubongo. Mwaka 2016 makocha wa vyuo vinane vya Ivy League, vikiwemo Harvard na Yale, walikubaliana kuacha kubwagana katika mazoezi ya msimu wa mechi. Collegeville walikuwa wameacha miaka mingi kabla yao.