Fahamu: Kwa nini mlima huingia katika fikra

Theluji ya milima ya Rwenzori, magharibi mwa Uganda, inapungua, na kwa watu wa Kasese na Bwera, chini ya milima hiyo, hilo si suala la maji peke yake; ni suala la fikra pia. Mwaka 1980 George Lakoff na Mark Johnson walidai kwamba mawazo yasiyoshikika hujengwa juu ya uzoefu wa mwili: tunasema bei imepanda kwa sababu rundo likiongezwa huinuka machoni petu. Mpinzani atasema hayo ni mazoea ya ulimi tu. Lakini utafiti wa mwaka 2012 kuhusu Wayupno, wakazi wa milima ya Papua New Guinea, ulichunguza mikono yao pia: wakitaja wakati ujao walionyesha mlimani, wakitaja uliopita walionyesha bondeni.

Hata hivyo, mwili hauamui yote. Historia nayo ina mkono wake. Vuguvugu la Rwenzururu, la watu wa Rwenzori, lilipojitenga na ufalme wa Toro mwaka 1962 na kufanya milima hiyo ngome yake, juu kulimaanisha uhuru zaidi kuliko cheo. Tena, katika imani ya jadi ya Wakonzo, wenyeji wa milima hiyo, mungu Kitasamba hukaa kwenye theluji hiyohiyo. Mtaalamu anayewaeleza wenyeji kuyeyuka kwa theluji kwa nyuzi za joto pekee, nadhani, anajibu swali ambalo hawakumuuliza.