UGANDA: SHAMBA MOJA, WENYEWE WAWILI

Mfanyakazi wa kiwandani au wa shamba la miwa anapotaja nyumbani, ana maana ya kipande cha ardhi alikowaacha mke, watoto na migomba yake. Huko ndiko atakakorudi siku kazi itakapokwisha. Kwa hiyo habari za ardhi si za wakulima peke yao. Ni zetu sisi sote wavuja jasho. Tuangalie mambo yalivyo kwa wenzetu wa Buganda, nchini Uganda.

Huko shamba moja laweza kuwa na wenyewe wawili. Wa kwanza ni mwenye hati, ambaye jina lake limo katika daftari la serikali. Wa pili ni mwenye kibanja, ambaye amejenga, analima, na huenda amewazika wazazi wake hapo hapo. Mambo haya yalianza na Mkataba wa Buganda wa 1900. Ardhi iligawanywa kwa maili za mraba, ndipo likatoka jina la "mailo". Machifu na wakubwa wengine 1,000 walitengewa maili za mraba 8,000. Mkulima aliyekuwa akilima hapo akajikuta mpangaji.

Sheria ya 1928 ilimpunguzia mzigo: iliweka kiasi cha kodi ya busuulu, ikamzuia kabaila asimfukuze mtu ovyo. Mwaka 1975 amri ya Idi Amin iliifanya ardhi yote kuwa ya serikali, na kinga ile ikaondolewa. Katiba ya 1995 ikairudisha ardhi kwa raia, na Sheria ya Ardhi ya 1998 ikamtambua tena mwenye kibanja. Aliyekaa miaka 12 au zaidi kabla ya Katiba hiyo bila kupingwa na mwenye hati, ana haki ya kukaa. Marekebisho ya 2010 yakaongeza kwamba hafukuzwi ila kwa amri ya mahakama, tena kwa kosa moja tu, la kutolipa kodi ya mwaka. Mahakama lazima kwanza ifike kuliona shamba, na ikiamuru kuhama itoe muda usiopungua miezi 6. Hati ikiuzwa, mnunuzi anaichukua ardhi pamoja na haki za watu walio juu yake.

Sheria ni nzuri. Mbona basi watu wamezidi kuvunjiwa nyumba? Tatizo ni karatasi. Mwenye kibanja anaruhusiwa kuomba cheti cha ukaaji, lakini ombi lake lahitaji idhini ya mwenye hati. Yaani yule anayetaka uondoke ndiye anayeombwa akubali ubaki! Na mara nyingine hajulikani alipo: hati imerithiwa, imeuzwa, imeuzwa tena, na aliye shambani hakuambiwa neno. Mabaraza ya ardhi ya wilaya, yaliyowekwa ili mnyonge apate haki karibu na kwake, yalisimama mwaka 2006, kesi zikapelekwa kwa mahakimu wa kawaida. Malalamiko yalizidi hata mwaka 2016 ikaundwa Tume ya uchunguzi chini ya Jaji Catherine Bamugemereire, iliyotoa ripoti yake mwaka 2020.

Anayeumia zaidi ni mfanyakazi aliye mbali. Dalali anakuja na wapimaji siku za kazi, anamkuta mke peke yake. Akiulizwa stakabadhi za busuulu, hajui zilipo, kwa kuwa mume amezifungia katika sanduku lake kambini. Mali bila daftari hupotea bila habari.

Kwa hiyo wenzetu wa Uganda wanapaswa kushika haya. Lipa busuulu kila mwaka na udai stakabadhi. Ukinunua kibanja, andikeni mapatano mbele ya majirani na viongozi wa kijiji, na hakikisha mwenye hati ameulizwa kwanza, maana sheria inampa nafasi ya kwanza ya kununua. Kagua daftari katika ofisi ya ardhi kabla ya kutoa fedha. Mke ajue kila karatasi ilipo. Ardhi ya familia haiuzwi bila ridhaa yake. Mkitishiwa, msiende ofisini mmoja mmoja. Nendeni pamoja, na kila barua mnayopeleka ibaki na nakala yenye mhuri.

Sheria za nchi zetu hazifanani, lakini somo ni moja. Tulijifunza kutunza hati za mshahara ili tusidhulumiwe kazini. Tuzitunze vivyo hivyo karatasi za nyumbani.