Gemu bure, mtaji rehani

Na Mwandishi Wetu, Tanga

KWA mfanyabiashara mdogo wa hapa Tanga, simu ya mkononi ni duka, ni benki na ni daftari la madeni. Ikifika nyumbani jioni, simu hiyo hiyo hugeuka uwanja wa mpira wa watoto. Hapo ndipo penye habari ya wiki hii: simu inayovunjwa kufuli ili gemu itoe sarafu za bure ndiyo iliyobeba floti ya wakala na ujumbe wote wa fedha wa mwenye duka.

Tunaiacha basi kwa wiki moja bei ya mkonge na machungwa ya Muheza, tuangalie bidhaa isiyopimwa kwa kilo.

Kiwanda huuza simu kwa masharti yanayofanana na ya nyumba ya kupanga. Mnunuzi anapewa ufunguo wa chumba chake, lakini hapewi wa stoo ya mwenye nyumba. Kila programu nayo imefungiwa chumba chake: gemu haioni ujumbe wa M-Pesa, na kikokotoo hakioni picha. Kuvunja kufuli ni kutoboa kuta hizo. Kwa simu za Android, mafundi huita kazi hiyo "kuruti". Kwa iPhone huiita "jelibreki". Mwenye simu anapata mamlaka aliyonyimwa na kiwanda, na programu yoyote atakayoiruhusu inayapata pamoja naye.

Katika pwani yetu Android ndiyo inayotawala meza za wauzaji, hasa Tecno, Infinix na Itel, zote za kampuni moja ya Kichina, Transsion, ambayo iliorodheshwa katika soko la hisa la Shanghai mwaka 2019. iPhone nyingi ni zile zilizotumika, zinazopita Dubai kabla ya kufika Kariakoo au Zanzibar na kupanda basi kuja huku.

Kuchezea gemu kwenyewe si uchawi. Tuseme gemu inaonyesha mchezaji ana sarafu 500. Programu ya kazi hiyo, kama GameGuardian, inaambiwa itafute 500 katika kumbukumbu ya simu, nayo inaleta mahali maelfu. Mchezaji ananunua kitu cha sarafu 50, zinabaki 450, kisha anatafuta 450 katika yale yale maelfu. Yanabaki machache. Akirudia mara mbili tatu panabaki pamoja tu, na hapo anaandika 999,999. Ni kazi ya karani wa stoo anayesaka kosa katika leja, ila huyu akipafikia mahali anatia kosa badala ya kulitoa.

Ipo njia nyepesi zaidi, isiyohitaji kuvunja kufuli: gemu iliyokwisha kuchezewa na mtu mwingine, maarufu kwa jina la "modi". Faili ya gemu hufunguliwa, hesabu zake hubadilishwa, kisha hufungwa upya kwa saini ya aliyeibadilisha. Saini ya mtengenezaji wa awali inakuwa imekwenda. Faili hiyo hupita mkono kwa mkono kwa Bluetooth au kwa memori kadi, na anayeipokea wa kumi hana njia rahisi ya kujua nini kingine kiliongezwa ndani wakati ilipofunguliwa.

Njia zote mbili zina mpaka mmoja ambao wengi hawaambiwi wanapotoa fedha. Zinafanya kazi pale tu hesabu inapokaa ndani ya simu. Gemu kama Free Fire na eFootball huweka hesabu ya mchezaji katika seva za kampuni, ng'ambo ya bahari, na simu huonyesha tu namba iliyotumwa. Kijana anayetangaza kuwa atamjazia mtu almasi za Free Fire kwa kuichezea simu yake anauza kitu ambacho hana. Mara nyingi anachotafuta ni akaunti ya mteja na neno lake la siri. Nyingine hukataa simu iliyovunjwa tangu mlangoni: Pokémon GO ilianza kufanya hivyo Septemba 2016.

Wazee wa biashara ya vibanda vya gemu watakumbuka kuwa jambo hili lina mtangulizi. PlayStation nyingi zilizochezewa vibandani Afrika Mashariki zilitiwa chipu ili zisome diski za kunakili, na kwa hesabu ya mwenye kibanda chipu hiyo ilikuwa mtaji halali kama meza na benchi. Mashine ile, hata hivyo, haikuwa na kazi nyingine. Ikiharibika, hasara iliishia kwenye mashine.

Kwa nini watu hawanunui sarafu kwa njia ya kawaida? Sababu ya kwanza ni kipato. Ya pili ni mlango wa kulipia: duka la programu mara nyingi hutaka kadi ya benki, na mchuuzi wa Soko la Mgandini ana laini ya simu. Ya tatu ni mlolongo wa makato. Google huchukua asilimia 15 ya dola milioni 1 za kwanza za mtengenezaji kwa mwaka, tangu Julai 2021, na kiwango kilichozoeleka juu ya hapo ni asilimia 30. Serikali nayo, kwa Sheria ya Fedha ya mwaka 2022, iliweka kodi ya asilimia 2 kwa huduma za kidijitali za kampuni zisizo na makazi nchini, mbali na VAT.

Lawama za wizi huu huelekezwa kwa kampuni kubwa, ambazo zina uwezo wa kujilinda. Apple, kwa mfano, iliziba katika toleo la iOS 6 mwaka 2012 njia iliyokuwa imeonyeshwa na Mrusi mmoja miezi michache kabla, ya kuhadaa malipo ndani ya gemu. Mwenye kuumia zaidi ni mtengenezaji mdogo wa jirani. Kola Studios ya Kampala waliotoa gemu ya karata ya Matatu, au Leti Arts ya Nairobi na Accra, ambayo mwanzilishi wake mmoja, Wesley Kirinya, alitoa Adventures of Nyangi mwaka 2007, hawana jeshi la wanasheria wala seva za kila bara. Mwekezaji anayefikiria kutia fedha katika gemu za Kiswahili aanze na swali hilo: hesabu za mchezaji zitakaa wapi?

Turudi kwa wakala na floti yake. Tuchukue mfano, ambao ni wa kufikirika lakini si mgeni kwa yeyote aliyekaa nyuma ya meza ya uwakala. Bwana fulani wa Barabara ya 12 ana floti ya sh. 1,500,000. Mwanawe anataka sarafu za gemu za sh. 5,000 kila mwezi, yaani sh. 60,000 kwa mwaka. Simu inavunjwa kufuli, sh. 60,000 zinaokolewa. Upande wa pili wa leja panaandikwa nini? Panaandikwa kwamba programu yoyote iliyopewa mamlaka ya juu katika simu hiyo inaweza, ikitaka, kusoma ujumbe unaoingia, pamoja na namba za uthibitisho za benki, na kuchungulia kinachobonyezwa. Floti hiyo ni mara 25 ya akiba aliyoipata. Katika darasa la uhasibu hatari ya aina hiyo huwekewa fungu la tahadhari. Vibandani haiwekewi chochote.

Wengine hujitetea kuwa wanatumia *150*00# na si programu ya M-Pesa, kwa hiyo wako salama. Ni kweli kwamba menyu hiyo haipiti kwenye intaneti. Lakini namba ya siri inabonyezwa kwenye kioo kile kile, na ujumbe wa salio unaingia katika simu ile ile. Programu za benki ndizo zenye busara zaidi: nyingi zikigundua kuta zimetobolewa hukataa kufunguka. Mteja hukasirika na kudhani mtandao uko chini.

Hata wenye hisa wana la kuangalia hapa. Walionunua hisa za Vodacom Tanzania mwaka 2017 kwa sh. 850 kila moja walinunua pia sehemu ya M-Pesa, na mapato ya M-Pesa yanasimama juu ya imani ya mteja kwamba fedha aliyoilaza usiku ataikuta asubuhi.

Soko la iPhone zilizotumika lina habari yake peke yake, na muuzaji wa jumla asiyeijua anaweza kununua hasara. Septemba 2019 ulitangazwa upenyo uitwao checkm8, unaohusu simu kuanzia iPhone 4S hadi iPhone X. Kasoro hiyo imo katika sehemu ya chipu inayochapwa kiwandani mara moja tu, hivyo Apple hawawezi kuiziba kwa toleo jipya. Simu hizo zitafunguka daima, mradi fundi awe na waya na kompyuta. Kwa upande mwingine, iPhone 8, 8 Plus na X ziliachwa nje ya iOS 17 mwaka 2023. Kwa mpenda gemu sifa ya kwanza ni neema. Kwa mwenye mtaji zote mbili ni sababu ya kushusha bei.

Lipo jambo zito zaidi ambalo fundi huwa halisemi. Katika aina hizo tatu, zikiwa na mfumo wa iOS 14 na kuendelea, ufunguaji wa njia hii unadai namba ya siri ya kufungulia simu iondolewe. Yaani ili kijana apate sarafu za gemu, simu ya baba inatembea sokoni bila kufuli la mlango wa mbele. Ikidondoka ndani ya daladala ya Raskazone, aliyeiokota hana haja ya fundi.

Kwa Samsung, ndani ya simu kuna alama ya Knox, aina ya fyuzi inayokatika mara moja mfumo unapobadilishwa na isiyorudi tena. Folda salama haifanyi kazi baada ya hapo, hata simu irejeshewe programu za kiwandani. Mnunuzi mjuzi huangalia alama hiyo na kukata bei.

Kuhusu sheria tuseme kwa ufupi. Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 haitaji kwa jina kosa la mtu kufungua simu yake mwenyewe, lakini inagusa programu zilizotengenezwa kwa ajili ya uhalifu na uvunjaji wa haki bunifu. Kubadilisha IMEI ni jambo jingine kabisa. Hilo limekatazwa na sheria ya mawasiliano ya mwaka 2010. Waliokuwa na shehena ya simu bandia TCRA ilipozizima Juni 16, 2016 hawahitaji kukumbushwa.

Si kila kubadilisha gemu ni kuvunja mlango, na upande huu mwandishi anaona biashara zaidi kuliko ule wa kwanza. Dream League Soccer imeacha mlango wazi wa kuingiza jezi na nembo, na hivyo ndivyo vijana wanavyowavisha wachezaji jezi za Simba na Yanga. Hakuna kinachozuia Coastal Union, mabingwa wa mwaka 1988, kucheza Mkwakwani ya kwenye kioo. Bus Simulator Indonesia, iliyotoka mwaka 2017, inakwenda mbali zaidi: mwenye gemu mwenyewe ameruhusu watu waunde mabasi yao na kuyapaka rangi, na mabasi ya Tanzania na Kenya yamo humo kwa wingi, na rangi zao tunazozijua kutoka stendi ya Kange hadi Mombasa. Rangi ya basi ni picha tu. Gari zima hutaka programu za uchoraji kama Blender na saa nyingi za kazi. Wapo wanaozigawa bure na wapo wanaouza. Simu haivunjwi hata kidogo. Ajabu ni kwamba wenye mabasi, ambao hulipa wapaka rangi wa kweli na matangazo ya redio, kwa kiasi kikubwa bado wanaliona jambo hili kama mchezo wa watoto.

Kwa wanaonunua simu zilizotumika, iwe Kariakoo au kwa mtu wa mkononi pale Ngamiani, IMEI hupatikana kwa kubonyeza *#06#. Tafuteni pia ndani ya simu programu zenye majina ya Magisk, Cydia au Sileo. Kisha mwambieni muuzaji aizime na kuiwasha mbele yenu. Tecno au Infinix iliyofunguliwa aghalabu huandika kwa Kiingereza, kabla ya kuwaka, maneno "Orange State", na hukaa hapo sekunde tano. Muuzaji anayeleta simu ikiwa imeshawashwa, na akasita kuizima, apewe bei ya simu iliyovunjwa.