Hundi Iliyorudi: Ni Jinai au Ni Deni?

Katika Matete, upande wa kaskazini wa Kaunti ya Kakamega, mkulima huiona fedha yake baada ya miezi mingi ya jembe na palizi. Mahindi huvunwa mwisho wa mwaka, na Januari karo za watoto hazingoji. Basi mnunuzi akija na lori, akapakia magunia na kuacha hundi, ambayo wengi huiita cheki, mwenye shamba hujiona amekwisha kulipwa. Kumbe hundi si fedha. Ni amri tu kwa benki kwamba ilipe, na benki hailipi pasipo akiba.

Hundi ikirudishwa, neno la kwanza kutoka kinywani ni "mwizi", na safari ya kwanza ni ya kituo cha polisi. Hapo ndipo yafaa mkulima ajue sheria inasema nini, kwa maana kurudi kwa hundi peke yake hakumpeleki mtu gerezani.

Kifungu cha 316A cha Kanuni ya Adhabu ya Kenya chasema kwamba ni kosa kutoa hundi hali mtoaji akijua kuwa akiba yake haitoshi, au akijua kuwa akaunti imefungwa, au akiwa amekwisha kuiagiza benki isiilipe. Adhabu yake ni faini isiyozidi shilingi 50,000, au kifungo kisichozidi mwaka 1, au vyote viwili.

Neno zito hapo ni "akijua". Upande wa mashtaka ndio wenye mzigo wa kuthibitisha, wala si mshtakiwa kujitakasa. Kwanza huonyesha kwamba sahihi ni yake. Akikana, mchunguzi wa hati huitwa. Kisha afisa wa benki huleta taarifa ya akaunti, na kueleza hundi ilirudishwa kwa sababu gani. Ikiwa akaunti ilikuwa tupu kwa miezi mingi, naye mwenyewe alipewa habari na benki, hakimu aweza kuamini kwamba alijua. Bali ikiwa alikuwa na sababu ya kweli ya kudhani kwamba fedha imekwisha kuingia, shaka huzaliwa, na shaka humfaa mshtakiwa.

Jambo la pili ni tarehe. Mnunuzi achukua mahindi tarehe 5 Desemba, lakini aandika juu ya hundi tarehe 5 Januari. Mkulima akiipokea, amekubali kungoja. Sheria yasema wazi kwamba kosa la akiba kutotosha halihusu hundi ya tarehe ya mbele. Hata shtaka la kupata mali kwa hila, ambalo adhabu yake hufika miaka 3, hudai uongo juu ya jambo lililopita au lililopo. Ahadi ya kulipa kesho, ikivunjwa, kwa kawaida ni deni tu. Hata hivyo, aliyetoa hundi ya akaunti aliyojua imefungwa hakingwi na tarehe.

Je, mkulima amepoteza yote? La. Hundi yenyewe ni ushahidi mkubwa katika madai. Mahakama ya Madai Madogo, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2016, husikiliza madai yasiyozidi shilingi milioni 1, na huko hatakiwi kuthibitisha pasipo shaka, ila kuonyesha kwamba dai lake lina uzito zaidi. Jinai humwadhibu mkosaji. Madai ndiyo hasa njia ya kurudisha bei ya magunia.

Kwa hiyo, kabla lori halijaondoka, tarehe ya hundi na isomwe, idadi ya magunia iandikwe, na wote wawili watie sahihi mbele ya shahidi. Hundi iliyorudi ihifadhiwe pamoja na karatasi ya benki. Wahenga walisema: mali bila daftari hupotea bila habari.